Aya Nilizozikata

Mwaka 2017 nilikuwa mhariri msanifu katika gazeti moja, dawati la habari za kanda. Habari ya Stella Nyanzi ilikuja ndefu, nikaikata kuanzia chini, kama tulivyozoea. Ilibaki ya mtafiti wa Chuo Kikuu cha Makerere aliyekamatwa kwa kumwita Rais Museveni wa Uganda matako. (Gazeti letu lilikuwa la heshima, tuliandika makalio.) Kichwa cha habari nilikitunga mwenyewe huku nacheka.

Nilichokitupa ndicho kilikuwa kisa chenyewe. Museveni alipoomba kura aliahidi pedi za bure kwa wasichana wa shule. Baada ya ushindi, mkewe Janet, ambaye wakati huo alikuwa Waziri wa Elimu, akaliambia Bunge hela hakuna. Nyanzi akaanza kuchangisha pedi na kuzigawa mashuleni, huku akiwatukana wakubwa hadharani. Bila tusi, nani angeipa hedhi ukurasa wa mbele? Mimi nisingeipa. Tusi lilininasa kama alivyokusudia, kisha nikalichomoa peke yake.

Pale dawatini nilimwita kichaa. Upande wa mashtaka nao uliomba apimwe akili, kwa sheria ya mkoloni ya mwaka 1938. Sikushtuka kuona tuna wazo moja.

Na wala hakuwa wa kwanza kutumia ufidhuli kama silaha. Miaka ya 1940 mwanaharakati wa Buganda, Semakula Mulumba, alikataa mwaliko wa chakula wa askofu Mwingereza kwa barua ndefu ya ufidhuli wa makusudi. Mwaka 2015 kule Amuru, kaskazini mwa Uganda, akina mama wa Kiacholi walivua nguo mbele ya mawaziri kutetea ardhi yao. Mama mtu mzima akifika hapo, anayepaswa kuona haya ni anayemtazama. Nyanzi alivua Makerere mwaka uliofuata, alipofungiwa ofisi, nasi tukaandika kioja.

Agosti 2019 alihukumiwa miezi 18 kwa shairi kuhusu Museveni na marehemu mama yake. Akiwa gereza la Luzira, akionekana mahakamani kwa video, alifunua matiti mbele ya kamera. Nilihariri hiyo pia, shairi sikulisoma. Februari 2020 Mahakama Kuu ikafuta hukumu, nikaipa aya mbili ukurasa wa ndani.

Mwandishi wetu wa Kampala, aliyeziandika zile aya za pedi, hakuwahi kulalamika. Habari zake zilizofuata zilikuja fupi, zikianza na tusi.