Kabla Hujaripoti Mwanza

Mpwa wangu mpendwa,

Mama yako amenipigia simu akilia kwa furaha: umepandishwa cheo kuwa Mrakibu, na unahamia Mwanza kuongoza kikosi cha uokoaji. Hongera sana, mwanangu. Nimelitumikia Jeshi la Zimamoto na Uokoaji mpaka nikastaafu, kwa hiyo univumilie nikilikazania jambo moja. Ujasiri vijana wako wanao tayari. Wanachokihitaji kwako ni mtu anayejua wakati wa kuizuia mikono yao.

Unakwenda kwenye ziwa lililotufundisha hilo kwa msiba. Tarehe 21 Mei 1996 MV Bukoba ilipinduka karibu na Mwanza, ikabaki inaelea tumbo juu. Walionaswa ndani walisikika wakigonga chuma. Katika kuhangaika kuwatoa, tumbo la meli likatobolewa. Lakini kilichokuwa kikiishikilia meli isizame ni hewa ileile waliyokuwa wakiivuta watu wale. Hewa ikatoka kwa nguvu, maji yakapanda kutoka chini, meli ikaenda na watu wake. Siwalaumu waliotoboa, nani asikie binadamu anagonga, akae ametulia? Ndiyo maana lazima awepo mmoja asiyeshika chombo chochote, anayesimama pembeni na kuuliza: meli hii inaelea kwa sababu gani? Tukikata hapa, nini kitafuata? Mtu huyo sasa ni wewe. Ukijikuta umeshika msumeno, jua kikosi kimebaki bila kiongozi.

Kuzuia si kukata tamaa. MV Nyerere ilipinduka pale Ukara tarehe 20 Septemba 2018, na siku mbili baadaye wazamiaji wakamtoa mhandisi mmoja akiwa hai, alikuwa amepata penye hewa humo ndani. Usikubali kuharakishwa kutamka kwamba waliobaki wamekufa, hata anayekuharakisha akiwa mkubwa wako.

Jengo likianguka ni hivyohivyo. Lilipoporomoka lile ghorofa la Kariakoo, Novemba 2024, waliofukiwa walikuwa wakipiga simu kutoka chini ya zege. Mahali kama hapo sauti ndiyo ramani yako. Toa amri mashine zizimwe, umati unyamaze, kijana mmoja alaze sikio kwenye kifusi. Watu watakufokea kwamba mmesimama bila kazi, kama wanavyofoka kila mara kwamba gari la zimamoto limekuja halina maji, ilhali lilikuja nayo na mpira mkubwa umeyamaliza kwa dakika chache. Usijibizane nao. Mteue askari mmoja mwenye lugha nzuri akae na ndugu wa walionaswa, awaeleze kila hatua na sababu yake. Hao wana haki ya kuelezwa, tena wengi wao wanajua nani alikuwa chumba gani.

Vijana wako wabadilishe kabla hawajaomba kupumzika. Mwokoaji mzuri hasemi kwamba amechoka. Utamwona anarudia swali lilelile, au anasahau kufunga kamba yake. Na wakishabeba maiti za watoto, usiwaache watawanyike kimyakimya kwenda nyumbani. Kaa nao, waseme.

La mwisho ni la wiki yako ya kwanza. Ndege ilipotumbukia ziwani Bukoba, Novemba 2022, waliotangulia kufika ni wavuvi na mitumbwi yao, na watu 24 wakatoka hai. Ziwani mvuvi atakutangulia karibu kila mara. Basi usingoje ajali ndiyo mfahamiane. Nenda kwenye mialo, kaa na viongozi wao, chukua namba zao za simu, wape na ya kwako pamoja na ile 114 ya zimamoto. Waulize wana kamba ndefu kiasi gani, na nani kati yao anazamia. Waambie mapema pia kwamba chombo kilichopinduka hakitobolewi mpaka kikosi kifike, na uwaeleze kwa nini.

Mjomba wako,
akupendaye