Mdahalo Nilioushinda

Wale waliokuwamo ukumbini usiku ule wa mdahalo wanajua ya kuwa nilishinda. Walinipigia makofi hata Padri mwenyekiti akagonga meza. Lakini hawajui jinsi nilivyoshinda, na ndiyo sababu nimeomba nafasi katika kurasa hizi.

Hoja ilikuwa hii: "Mwalimu aachaye darasa kwenda Bungeni amewatupa watoto." Upande wa kuunga mkono sikupewa, niliuomba mwenyewe, maana nilikuwa na kisa. Tulipokuwa kidato cha tano, mwalimu wetu wa Historia, naye ni mwanafunzi wa zamani wa shule hii, alituaga katikati ya muhula. Katiba ya Uganda inamtaka mtumishi wa umma anayegombea ubunge ajiuzulu siku 90 kabla ya siku ya kuteuliwa wagombea, na siku hizo hazingoji silabasi iishe. Tulikaa wiki tano bila mwalimu, tukisomeshana wenyewe kwa wenyewe, kipofu akimwongoza kipofu. Naye hakuchaguliwa, wala hakurudi, kwa kuwa kiti chake kilikwisha kupata mtu. Mimi nilikuwa mwanafunzi wake mpendwa, basi hasira yangu ilikuwa kubwa kuliko ya wenzangu.

Nikaenda maktaba kutafuta silaha. Katika rafu ya Historia nikakuta kitabu ambacho Bibi Joyce Mpanga aliandika juu ya maisha yake, kilichotoka mwaka 2019. Jina lake kwa Kiswahili lingekuwa kama kusema, "Inasikitisha kuwa si mvulana." Nilicheka, maana shule yetu ni ya wavulana watupu. Nikakaa kusoma, nikidhani nitapata mfano wa mtu aliyeacha chaki akasahau.

Bibi huyo alizaliwa 1934. Alifundisha Gayaza, shule ya wasichana iliyoanzishwa na wamisionari wa CMS mwaka 1905, huko kaskazini ya Kampala, akapanda hata kuwa makamu wa mkuu wa shule. Mwaka 1960, hajatimiza miaka 30, akaingia katika Baraza la Kutunga Sheria, lile watu waliloliita Legco. Wala hakuwa mwalimu wa kwanza wa kike kukaa humo. Bibi Pumla Kisosonkole, mwalimu mzaliwa wa Afrika Kusini, alikwisha kuingia 1956. Na Bibi Sarah Ntiro, ambaye naye alifundisha Gayaza na baadaye akaingia Legco, ndiye aliyekataa mshahara wake alipoona ni mdogo kuliko wa wanaume wenye elimu kama yake. Akafundisha bila malipo hata Gavana Cohen akaingilia. Hapo nilisimama kusoma nikatazama dirishani. Mimi nililalamika kwa wiki tano tu.

Njia ya Bibi Mpanga haikuwa nyoofu. Mwaka 1966 majeshi ya serikali yalipoishambulia Mengo, Kabaka Mutesa akakimbilia Uingereza. Mume wa Bibi huyu alikuwa Mwanasheria Mkuu wa serikali ya Buganda, basi nyumba yao nayo ikaonja uhamisho. Legco ikabaki habari ya kale. Lakini mwaka 1988 akawa waziri wa mambo ya wanawake. Tangu 1989 hata 1992 akashika elimu ya msingi. Na tangu 1996 hata 2001 akawa mbunge wa Mubende. Tangu kiti cha kwanza hata cha mwisho ni miaka 41, ijapokuwa katikati pana pengo refu. Alifariki Novemba 2023.

Sasa sikilizeni neno lililonichoma. Tume ya Profesa Senteza Kajubi ilishauri mwaka 1989 kwamba watoto wote wapate elimu ya msingi. Mwaka 1997 serikali ikaondoa karo, kwanza kwa watoto wanne wa kila nyumba. Nyumbani kwa babu yangu watoto walikuwa sita. Mama yangu alikuwa na miaka tisa, hajaingia darasa lolote, naye akaandikwa wa nne. Sisemi ya kuwa Bibi Mpanga alifanya hayo peke yake; alikuwa mmoja kati ya wengi. Lakini mwalimu aliyetoka darasani alikuwa katika kazi hiyo, na mama yangu husoma barua zangu mwenyewe.

Basi nikafanya nini? Nikakifunga kitabu, nikakirudisha, si mahali pake, bali nyuma ya vitabu vya Kemia, ili wapinzani wangu wasikione.

Usiku wa mdahalo wakaja na majirani. Walisema Bwana Moi alikuwa mwalimu akaingia Legco ya Kenya mwaka 1955, akawa mbunge hata 2002. Nikajibu ya kuwa hiyo ni hesabu ya kukaa, si hesabu ya kazi, ukumbi ukacheka. Wakamtaja Mwalimu Nyerere aliyeacha kufundisha Pugu; nikasema wanafunzi wa Pugu hawakuulizwa. Ndipo mtu akasimama nyuma, kati ya wageni. Alikuwa yeye, mwalimu wetu. Hakujitetea hata kidogo. Aliuliza kwa sauti ya darasani, "Msemaji, katika kutafuta kwako, ulikuta habari za Joyce Mpanga?"

Nikasema, "La, Mwalimu, sikukuta."

Akanitazama kidogo, akaketi. Kura zikahesabiwa.

Jumamosi ya pili yake nilikirudisha kitabu rafuni pake, kisha nikaomba ruhusa nikapanda teksi mpaka Kawempe. Nilimkuta barazani. Nikamwambia yote, mpaka habari ya Kemia. Alinyamaza, kisha akasema, "Nilijua, mwanangu. Kitabu kile nilikiweka rafuni mwenyewe." Nikamwuliza kama atagombea tena. Akasema, "Sema polepole, mke wangu yuko jikoni."

Halafu akauliza, "Niliwaacha wapi?"

Nikasema, "Mkataba wa Buganda wa 1955."

Akaingia ndani akatoka na karatasi kubwa za kampeni, zenye picha yake, ambazo hazikupata kubandikwa. Akazigeuza upande mweupe, akachora mstari wa miaka. Nilipoondoka giza lilikwisha kuingia, nasi tumefika 1962. Nilikuta majina yamekwisha kuitwa bwenini, nikaadhibiwa kukata majani wiki nzima. Jumamosi ijayo nakwenda na wenzangu wawili; karatasi bado zipo nyingi.