Kompyuta Ilipoikataa Leseni Yangu

Boksi la Office Home and Business 2010 nililinunua siku nilipopokea zamu yangu ya upatu, kwa sababu kazi yangu ni kuchapa: wasifu, mikataba ya viwanja, mitihani ya shule za jirani. Diski ngumu ilipokufa, fundi akafunga mpya, nikapakia programu upya. Ufunguo wenye herufi na tarakimu 25 ukapokelewa, ila kuamilisha kukagoma. Kila nikijaribu kwa intaneti, kosa 0x80072F8F. Zile siku 30 za kuvumiliwa zikaisha, ukanda wa juu wa Word ukawa mwekundu, sikuweza tena kuhariri. Walimu wakaanza kupeleka mitihani kwingine, na kodi ya fremu haisubiri.

Kila niliyemuuliza alinishauri niweke kraki. Nilikataa, na leo pia ningekataa. Ndani ya mashine ile kuna nakala za vitambulisho, barua za talaka, matokeo ya watoto wa watu. Siwezi kukaribisha humo programu nisiyojua nani kaitengeneza. Tena leseni nilishailipia.

Aliyenitoa gizani ni fundi redio wa jirani. “Mama, mbona mashine yako inasema ni mwaka 2009?” Betri ndogo ya ndani, CR2032, ilikuwa imekwisha, hivyo umeme ukikatika tarehe inarudi nyuma. Seva ya kuamilisha hujitambulisha kwa cheti chenye tarehe ya kuanza na ya kuisha. Kompyuta iliyobaki mwaka 2009 hukiona cheti hicho hakijaanza kutumika, ikakata mawasiliano. Tukabadilisha betri, tukaweka tarehe, kosa likatoweka.

Hapo ukaja ujumbe mwingine: ufunguo umeshatumika kwa idadi yote inayoruhusiwa. Nikachagua kuamilisha kwa simu. Skrini ikaonyesha namba ya kupiga na makundi tisa ya tarakimu. Nikayaingiza moja moja kwa vitufe vya simu. Sauti ya mashine ikaanza kunisomea majibu, ya kujaza visanduku A hadi H. Mpwa wangu akiandika, mimi nikirudia kwa sauti. “Shangazi, kundi la E sijalipata!” Nikaomba lirudiwe.

Tulipojaza H, Word ikafunguka. Nikampigia mwalimu mkuu, nikamwambia alete mitihani yote, hata ya kesho asubuhi.