Dieudo Hamadi: kamera iliyopanda mashua na walemavu wa vita

Kutoka Walikale, ukishika barabara ya Lubutu, unafika Kisangani. Wafanyabiashara wanaijua njia hiyo, na matope yake. Lakini mtoto mmoja wa Kisangani ambaye sinema zake zinatazamwa hadi Ulaya, wengi huku Masisi na Walikale hawajasikia jina lake: Dieudo Hamadi.

Alizaliwa mwaka 1984. Alianza kusomea udaktari, kiisha akaacha akashika kamera. Mwaka 2014 alitoa Examen d'État: wanafunzi wanafukuzwa darasani kwa kukosa pesa ya walimu, wanajikusanya katika nyumba moja kujitayarisha kwa mtihani wa taifa. Mzazi wa Masisi hana haja ya kuelezwa zaidi. Mwaka 2017 ikafuata Maman Colonelle, juu ya Koloneli Honorine Munyole, polisi anayelinda wanawake na watoto, aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani.

Sinema inayogusa zaidi ilikuja mwaka 2020, En route pour le milliard. Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana siku sita ndani ya mji wa Kisangani. Raia walikufa, wengine walibaki bila miguu ao mikono. Wakati huo Hamadi alikuwa kijana tu. Miaka 18 baadaye, walemavu wa vita hiyo walipanda mashua kushuka mto hadi Kinshasa, safari ya kilometa karibu 1,700, kudai malipo yao. Hamadi akapanda nao na kamera yake. Mvua inawanyeshea, wanabishana, wanaimba, na walipofika bunge halikuwafungulia mlango.

Hiyo ndiyo sinema ya kwanza ya Kongo yetu kuchaguliwa rasmi Cannes, Ufaransa. Mwaka huo korona ikazuia maonyesho yenyewe.

Februari 2022, korti ya kimataifa ya La Haye iliamuru Uganda ilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita. Kamera haikuamua hilo. Lakini walemavu wa Kisangani walikuwa na chama chao kabla ya kupanda mashua, na nyuso zao zimehifadhiwa. Huku kwetu, mama aliyekimbia Masisi mara tatu, akapoteza mtoto njiani, mara nyingi hata jina la mtoto huyo hajaulizwa na mtu.