Jina ni Nakala, Kidole ni Rejeo

Katika uandishi wa programu, thamani hunakiliwa: nakala ikibadilishwa, asili yake haiguswi. Rejeo huelekeza tu. Marejeo mawili yakielekea kitu kimoja, badiliko la huku huonekana kule. Tena aina ya data huweza kugeuzwa kimyakimya, bila amri.

Wakati wa ukame wa 2011, baadhi ya Wakenya wa Garissa waliandikishwa kuwa wakimbizi Dadaab, katika kambi zilizoanza kufunguliwa 1991, ili wapate mgao wa chakula. Walidhani wanatoa nakala ya jina. Kumbe alama ya kidole ni rejeo. Kijana alipotimiza miaka 18 na kuomba kitambulisho, kompyuta ilimtambua kuwa mkimbizi. Uraia usigeuzwe kimyakimya. Jina lina visawe, kidole hakina.