Nzohe wa Kinamasi cha Saiwa

Msafiri atokaye Kitale kwenda Kapenguria huweza kulipita bonde la Saiwa asitambue kwamba amepita karibu na mbuga ya taifa. Si ajabu, maana eneo lake lote ni kilomita 3 za mraba hivi, na katika Kenya nzima hakuna mbuga ya taifa iliyo ndogo kuliko hiyo. Ilitengwa mwaka 1974 hasa kwa ajili ya mnyama mmoja, naye ni nzohe, ambaye wengi humwita sitatunga.

Ndani yake motokaa haziingii. Mgeni huenda kwa miguu, akafuata njia nyembamba, kisha akapanda jukwaa la mbao na kungoja. Nasi tulingoja. Tulifika alfajiri, umande ukatulowesha mpaka magotini, na kwa muda mrefu hatukuona kitu ila matete na ukungu. Mwenzangu akaanza kunung'unika kwamba tumetoka mbali kuja kutazama majani. Hajamaliza kusema, matete yakatikisika, akatokea jike mwekundu mwenye mistari myeupe, akila polepole huku maji yakimfika tumboni.

Nzohe ni wa ukoo wa pongo, lakini kwato zake ni ndefu na hutanuka, hata huweza kupita topeni mahali ambapo ng'ombe angenasa. Katika nchi kavu si hodari wa mbio. Akitishwa hujizamisha, akabakiza pua tu juu ya maji. Hiyo ndiyo ngome yake, wala hana nyingine. Mle mna pia fisi maji, korongo wenye taji, na kima wa De Brazza mwenye ndevu nyeupe, aonekanaye katika sehemu chache sana za Kenya.

Lakini ukipanda mteremko kidogo tu, mahindi yanaanza. Mashamba yamelizunguka bonde, na mvua ikinyesha, udongo na mbolea huteremka mpaka kinamasini. Mikalitusi nayo hunywa maji mengi. Hata hivyo mkulima simlaumu upesi, maana watoto wake hawali matete.

Nje ya lango tulimkuta mzee akichunga ng'ombe. Tulipomwamkia, alituambia kwamba utotoni mwake bonde lilikuwa na maji mengi kuliko sasa. Kisha akauliza kama tumemwona nzohe. Tukamjibu kwamba tumemwona mmoja. Akacheka, akasema tumebahatika. Yeye aishiye hapo hajamwona tangu mavuno ya mwaka uliopita.