Televisheni Darasani



Wako watu wakisikia neno televisheni hukunja uso. Mzazi mmoja wa chuoni kwetu alinijia kunilaumu: "Sheikh, chombo cha mchezo umekitia darasani!" Nami nilimjibu kama ninavyokueleza wewe.

Televisheni ni kioo na spika tu. Huonyesha kile inacholetewa. Ukiitia waya wa antena, itakuonyesha apendalo mwenye kituo. Ukiiunganisha na kompyuta, itakuonyesha ulichokiandika wewe mwenyewe.

Wala jambo hili si geni. Mwaka 1981 huko Uingereza ilitoka kompyuta ndogo iitwayo Sinclair ZX81, kwa bei ya pauni 69.95, au 49.95 kwa aliyekuwa tayari kuiunga kwa mkono wake. Haikuja na kioo chake. Waya wake ulichomekwa pale pa antena ya televisheni ya nyumbani, kisha ikatafutwa kama itafutwavyo stesheni yoyote. Ilikuwa rahisi kwa sababu kioo kilikwisha kuwamo nyumbani. Lakini kioo kimoja na wenye nyumba wengi, sharti watu wapishane: mtoto akijifunza, baba hakuona habari.

Leo kazi ni nyepesi zaidi. Waya mmoja wa HDMI huchukua picha na sauti pamoja. Uchomeke pande zote mbili, kisha kwa rimoti uchague tundu ulilotumia. Ukiona kingo za maandishi zimekatika, rekebisha ukubwa wa picha kwenye televisheni, kwani baadhi yake huikuza picha na kuzila kingo. Na uandike kwa herufi kubwa. Mtoto wa safu ya nyuma naye ana haki yake.

Chuoni kwetu kompyuta ni moja. Bila ya televisheni, wangeiona wawili watatu wenye mabega ya kusukuma wenzao, na wanyonge wangebaki kuona visogo. Sasa herufi ikiandikwa, aliye karibu na aliye mbali huiona pamoja.

Yule mzazi hakuridhika. Alisema waya uletao somo huweza kuleta upuuzi pia. Hilo ni kweli, na ndiyo maana rimoti hukaa mfukoni mwa mwalimu, na somo likisha kioo hufunikwa kitambaa.

Basi ndugu yangu, kabla hujaitupa televisheni yako, au hujaiacha iseme usiku kucha, tazama kwanza: ncha ya pili ya waya imeshikwa na nani?